Nani Atadaka Mipira ya Idwal?

Philadelphia, 11 Mei 1884

Kaka Emrys,

Salamu zako wewe, na za shemeji Lowri, na za Mama umfikishie kwa sauti kubwa kwenye sikio la kushoto, lile linalosikia. Mwambie nakula. Bibi Schaffner, mwenye nyumba ninamopanga, ni Mjerumani na anaamini kabichi ni dawa ya kila kitu, hata ya ujana. Mwambie pia kanisani nakwenda. Usimwambie kwamba nilikwenda mara moja nikasinzia.

Sasa kaa chini. Mdogo wako ni mrushaji wa ligi kuu ya besiboli. Nimevaa soksi za kijani kama wenzangu wote wa klabu ya Soksi Kijani, ingawa zangu alizivaa mtu mwenye miguu minene kabla yangu na zinanishuka nikikimbia. Alhamisi nilisimama katikati ya uwanja, watu wamejaa majukwaani na kofia zao, na tukashinda. Naomba usinipongeze haraka. Wapinzani walikuwa wamesafiri kwa treni siku mbili mfululizo, wamechoka hata gongo hawaliinui vizuri. Hata walipobahatika kuupiga kwa nguvu, kila mpira ulikwenda wenyewe mpaka mikononi mwa mtu wetu. Gazeti la hapa limeandika kwamba Probert alirusha na Mungu akadaka. Nimelikata nikalitia kwenye Biblia, Mama atafurahi.

Desturi ni ileile ya kwetu, mpira mmoja mechi nzima hata ukilainika kama kiazi cha kuchemsha, na walioshindwa wanaukabidhi kwa washindi. Huo wa ushindi wangu wameupaka rangi ya dhahabu wakauweka kabatini ofisini.

Tatizo ni mdakaji. Anaitwa Fitch. Anavaa glavu za ngozi laini kama bibi harusi, na anasimama mbali nyuma ya mpigaji kama mtu anayedaiwa. Hajui nitakachorusha, na mimi wakati mwingine sijui. Wewe ulikuwa unasimama karibu, mikono mitupu, unaniagiza kwa Kiwelisi chetu mbele ya watu wote: "Kali!" kwa mpira wa kasi, au "Mvivu!" kwa wa polepole, au "Upinde!" kwa wa kupinda, na mpigaji anadhani unasali. Hapa nasimama peke yangu na akili yangu, na unaijua akili yangu.

Nahodha wetu, Bwana Rudd, ameniambia wazi. Nimlete ndugu yangu, au atafute mrushaji anayeweza kuishi na Fitch. Ukija nabaki, usipokuja nitarudi kupasua mawe, na mawe yenyewe yananichukia.

Aprili yule wakala wa Soksi Kijani alipotutaka sote wawili, ulitia mkono mfukoni ukasema una paa la kutengeneza. Kaka, mji wetu wote wa Wawelisi unachimba mawe ya kuezekea. Paa angelitengeneza hata mchungaji. Njoo.

Mdogo wako,
Idwal

*

Pen Glas, 1 Juni 1884

Mdogo wangu Idwal,

Barua yako ilifika zamani, nimechelewa kwa sababu ya kazi. Mama hajambo. Amewatangazia watu wote wa kanisa kwamba Mungu ni mdakaji wako, na mchungaji bado anatafuta mstari wa kumkanusha. Mwandiko huu ni wa Lowri. Mimi nina kazi, yeye ana kalamu. (Mimi Lowri nina kazi pia, ila hakuna anayeiuliza.)

Nimefurahi kwa ushindi. Paa limekwisha. Baada ya paa kuna uzio, na baada ya uzio kuna vitunguu. Tena nimeacha banda la kupasulia mawe, siku hizi naongoza nyumbu wanaovuta magari ya machimbo. Nilitaka hewa. (Hewa! Akirudi jioni paka anahama nyumba.)

Kuhusu kuja, haiwezekani mwaka huu. Zoeana na huyo Fitch. Mtu anayevaa glavu si lazima awe mjinga, huenda ana akili kuliko wengine. Mpigaji akimwambia mwamuzi anataka mpira wa juu, mpe wa juu kama sheria inavyosema, lakini mpe mvivu, halafu mpe kali. Usimpe anachotaka wakati anapokitaka. Hayo tu ndiyo niliyokuwa nakuambia miaka yote, mengine ilikuwa kelele.

Kula kabichi.

Kaka yako,
Emrys

*

Philadelphia, 22 Juni 1884

Kaka Emrys,

Naona umekuwa bwana mkubwa, una karani. Msalimie karani. Mwambie mwandiko wake ni mzuri na maneno yake katikati ndiyo ninayoyasoma kwanza. Mama umpe busu. Bibi Schaffner ameniongezea kabichi bila kuombwa, nadhani amesoma magazeti akanihurumia.

Nimerusha mara mbili zaidi. Ya kwanza tulishindwa vibaya. Ya pili tulishindwa mpaka mbwa wa mwangalizi wa uwanja akaondoka. Nilifuata shauri lako, nikarusha mvivu mzuri kabisa wa kupinda, ukampita mpigaji, ukampita na Fitch, ukaenda kugonga ukuta wa nyuma, na watu watatu wakakimbia vituo vyote wakati Fitch anautafuta chini ya benchi. Alirudi akaniuliza kwa nini sikumwambia. Nilimjibu kwa Kiwelisi. Sikuwa nimekusudia, ulimi ulikwenda wenyewe. Alidhani nimemtukana, na hatuongei tena.

Nimejaribu kumfundisha yale maneno matatu. Anayatamka kama mtu aliyemeza mfupa.

Kaka, sitanii tena. Rudd amenipa wiki chache tu. Usipokuja nimekwisha. Najua umekasirika kwamba mimi niliondoka na wewe ukabaki. Kama ndivyo, kasirika ukiwa hapa. Kitanda changu ni kipana, na kabichi zinatosha.

Idwal

*

Pen Glas, 20 Julai 1884

Idwal,

Mama hajambo, vitunguu vimetoka, nyumbu mmoja amempiga teke msimamizi na siku ile wote tulikwenda kazini kwa furaha.

Usiniombe tena. Mdakaji si mama yako. Umeajiriwa wewe, mkono ni wako, rusha. Mimi sikasiriki na sikukasirika, ila sitakuja, na kila ukiniuliza unanipa kazi ya kukataa tena. Mtu mzima hamng'ang'anii kaka yake kama mtoto kwenye sketi.

Emrys

(Nimeandika alivyosema, shemeji. Alipomaliza alitoka akasimama uani kwa muda mrefu, na hakuna kitu uani. Lowri.)

*

Philadelphia, 3 Agosti 1884

Kaka Emrys,

Nimekusikia. Sitaomba tena.

Habari zangu ni njema. Kazi ni nyingi. Siku hizi hakuna mtu anayeingia uwanjani asinione, matajiri kwa maskini, na wengine wananiita kwa jina. Klabu imeniamini kwa jambo kubwa. Sina muda wa kuandika marefu.

Salamu kwa Mama.

Idwal

*

Pen Glas, 10 Agosti 1884

Mdogo wangu,

Barua yako tulimsomea Mama, naye akaisimulia kanisani kwa nyongeza zake. Sasa wewe ndiye nguzo ya Soksi Kijani. Matokeo yake ni haya: kwaya nzima imekodi mabehewa, tunakuja Philadelphia Jumamosi tarehe ishirini na tatu kukutazama. Watu arobaini, na mikate ya zabibu ambayo Mama amesema usiigawe kwa Mjerumani. Mama mwenyewe atabaki, treni inamtisha.

Nami nitakuja. Nilisema sitakuja kudaka. Kutazama sikukataa.

Emrys

(Shemeji, kama kuna jambo hujatuambia, una siku kumi na tatu za kuliandika. Lowri.)

*

Philadelphia, 24 Agosti 1884

Kaka Emrys,

Natumaini mmefika salama na kwamba kwaya imepata sauti yake tena. Mwambie Mama mkate ulifika. Bibi Schaffner aliuona, akauonja, akasema umekosa kabichi.

Jana ulikuwa jukwaani na mimi nilikuwa chini, kwa hiyo umeona nusu. Acha nikupe nusu yangu, maana kwenye kituo cha treni hatukusemezana kama watu.

Jambo kubwa nililoaminiwa na klabu umeliona kwa macho yako. Ni geti. Mchezaji asiyehitajika uwanjani huwekwa mlangoni kupokea tiketi, na mimi nilikuwa sihitajiki tangu Julai ianze. Siku kumi na tatu alizonipa Lowri nilizitumia kuomba mvua. Jumamosi ikaja na jua. Nikainamisha kofia, nikawa natazama mikono ya watu tu, si nyuso. "Tiketi, tafadhali. Tiketi, tafadhali." Nikasikia wanakwaya wanakohoa nyuma, halafu mkono wa kushoto ukaniletea tiketi, na ule mkono nikaujua kabla ya kuinua kichwa.

"Wewe ndiye mrushaji," ukasema, "au ndiye mlango?"

"Leo ni mlango."

"Mlango mzuri. Haupitishi kitu. Ungekuwa hivi uwanjani usingewekwa hapa."

Watu arobaini wakacheka, nikacheka na mimi, na nilitamani ardhi ya Philadelphia inimeze pamoja na soksi zake. Sikujiuliza kwa nini mkono wa kushoto. Nilidhani wa kulia umebeba kikapu.

Mengine ni kudra ya chaza. Mrushaji wetu wa siku zote alikula sahani nzima ya chaza wabovu asubuhi, na mchana akawa amelala sakafuni anaahidi kuacha dhambi zote. Rudd alikuja mbio getini, akanitazama mimi, akatazama mbingu, akasema, "Probert, vua koti."

Basi nikasimama tena katikati. Fitch yuko nyuma kule na glavu zake. Mpigaji wa kwanza akamwambia mwamuzi anataka wa juu. Nilikuwa nimeushika mpira na sijui niufanye nini, kama mtu aliyekabidhiwa mtoto wa mwenzie. Ndipo nikakusikia kutoka jukwaani, kwa Kiwelisi: "Mvivu!"

Nikarusha mvivu. Akapiga hewa. "Kali!" Nikarusha kali. Kipindi cha pili kwaya ikaupokea wito wako, na nyote arobaini mkawa mnaniagiza kwa sauti nne, besi wakija nyuma kidogo. Fitch akajifunza kusikiliza, nadhani kwa hofu. Vipindi vitatu, kaka, hakuna aliyefika hata kituo cha tatu. Katika ligi kuu yote nimekuwa mrushaji wa kweli kwa vipindi vitatu, na ni hivyo tu.

Halafu akaja mpigaji wao mmoja, mtu mkubwa, Pugh. Jina pekee, la Kiwelisi kama letu, lingetosha kutuamsha. Kwaya ikaimba "Mvivu!" na nikamwona anatabasamu, anarudisha mguu nyuma, anangoja. Aliupiga ukavuka uzio. Mechi ilisimama watu wote wakiutafuta ule mpira mmoja kwenye majani ya nje, naye akanipita polepole akielekea kituo cha mwisho, akaniambia kwa Kiwelisi safi kuliko chetu, "Nipelekee shukrani kwa kwaya. Wanaimba vizuri."

Akaenda kwenye benchi lao akawatafsiria wenzake. Tangu hapo kila mlichoimba walikijua. Mkisema kali, wanangoja kali. Nyinyi mnaona wananipiga, mnaongeza sauti.

Ningekuwa na akili ningewaashiria mnyamaze. Niliwaza. Mkono ulinyanyuka nusu. Lakini nilikuwa sijasikia sauti yako tangu Aprili, kaka. Niliijua hasara yake, nikaona acha wanipige. Kila ulichosema nilikirusha mpaka mwisho. Rudd akijua hilo atanifunga.

Kipindi cha saba mpira uliparaza gongo ukaja kwenu. Uliinuka juu ukashuka taratibu kwako wewe, mpira ambao Mama angeudaka akiwa amefumba macho. Nikasimama kuutazama. Nilitaka wale watu wa Philadelphia waone. Nilitaka Fitch aone mikono mitupu ya mdakaji wa kweli.

Nawe hukuuinua mkono. Ulikaa, wa kulia ukiwa mfukoni, mpira ukakupiga kofia ikaanguka, na uwanja mzima ukacheka. Ukauokota kwa kushoto, ukanirudishia kwa kushoto, kama mtu anayemwaga maji machafu. Ndipo nikaelewa paa. Nikaelewa uzio, na vitunguu, na nyumbu, na karani.

Kituoni Lowri alinivuta pembeni akaniambia. Vidole vitatu vya mkono wa kulia vilivunjika, na havikunjiki tena. Mechi ya Aprili, mpira wa mwisho, mpira uleule uliomfanya wakala afunge kalamu yake na kusema anatutaka. Ukautia mfukoni ule mkono, ukamwambia una paa. Ulijua ungesema nisingepanda treni, nawe ulitaka nipande.

Na mimi miezi minne nakuandikia namcheka Fitch kwa glavu, nakuambia umekasirika. Sijui jinsi ya kulifanya hili liwe la kuchekesha. Nimejaribu usiku kucha. Nasikitika sana, Emrys. Nakupenda, na mpira ulionipa kazi ndio uliokuvunja.

Leo Rudd amenifukuza. Alikuwa mpole, akasema hajui kama mimi ni mrushaji mbaya au ni kwaya mbaya. Nimeomba ule mpira wa dhahabu wa ushindi wangu. Walicheka wakanipa, wana mingine mingi. Kuna klabu ndogo huko Ohio imeniuliza kama nina mdakaji. Nikasema ninaye. Nikageuka njiani nikarudi kuwaambia sina. Sijui niende kwao au nije kwenu, na sijui kama unataka kuniona.

Idwal

*

Pen Glas, 14 Septemba 1884

Idwal,

Mwandiko huu ni wangu. Ni wa kushoto. Umenichukua karibu wiki tatu na Lowri haruhusiwi kuugusa, kwa hiyo usome kwa heshima. Mama hajambo. Ameambiwa uliimbiwa na uwanja mzima.

Kwanza, hukunivunja. Nilisema kali, ukarusha kali, pale pale nilipoweka mikono. Katika miaka yote ndiyo mara pekee uliyorusha nilipokuomba. Nilishangaa sana, nikachelewa kufunga vidole. Ni kosa la mshangao.

Pili, nilikosea kuficha. Nilidhani nakuachia njia. Kumbe nilikuachia Fitch.

Tatu, huyo Pugh ni wa machimbo ya Bangor, mama yake aliimba na mama yetu. Tungemuuliza jina kwanza.

Ohio nenda ukitaka, sitakuzuia. Lakini klabu yetu haina mrushaji. Mdakaji ni Hefin, ndugu yake Lowri, mikono mizima, akili inakuja. Nimemnunulia glavu, na atakayemcheka atakutana na mimi. Mimi wamenipa geti siku za mechi. Ni kazi ngumu kuliko nilivyodhani, watu wanapita chini ya kamba. Nimewaambia nina ndugu mwenye uzoefu wa ligi kuu kwenye mambo ya mageti, na wamefurahi mno. Kutoka getini mpigaji anaonekana vizuri. Nitaagiza kutoka huko, kwa vidole viwili vilivyobaki, si kwa mdomo.

Njoo na ule mpira wa dhahabu. Usinirushie. Niwekee mkononi.

Emrys